Sauti Yangu Ilipompigia Mama

Kama umeambiwa kwamba kisanduku chako cha sauti lazima kitolewe, huenda mtu mwenye nia njema ameshakushauri urekodi sauti yako ungali nayo. Ni ushauri mzuri, sikukatazi. Ninachotaka kukueleza ni yaliyonipata mimi, ambaye nilikuwa na sauti nyingi iliyohifadhiwa, kompyuta ya kuitumia, na ndugu walionipenda. Mwili wangu umepona, kwa kadiri ambavyo watu wa ugonjwa huu hupona. Jambo linalonifanya niandike halijapona vizuri.

Kwa miaka mingi nilikuwa sauti ya gari la matangazo. Kama uliishi Butimba au Nyamagana, ulinisikia bila kunijua. Mimi ndiye niliyekuwa nikitangaza kwamba maji yatakatika, kwamba magodoro yameshuka bei, kwamba mzee fulani amefariki na mazishi ni kesho saa nane mchana. Mwanzoni nilikaa ndani ya gari na kipaza sauti mkononi. Baadaye nilijifunza kurekodi nyumbani, gari likawa linazunguka na sauti yangu bila mimi. Sikusomea kazi hiyo popote. Nilisoma maelekezo, nikajaribu, nikakosea, nikarudia kitu kimoja kimoja mpaka nikaelewa kinafanya nini.

Chumba cha nyuma nilikiwamba magunia ukutani ili kuzuia mwangwi. Humo nilikuwa na kompyuta, maiki, na programu ya kubadili sauti. Ya kwanza niliyopata ilikuwa rahisi: inapandisha au inashusha, basi. Mteja akitaka tangazo la sabuni lenye bibi na mjukuu, nilisema sehemu zote mbili mwenyewe, kisha mjukuu nikampandisha na bibi nikampunguza mwendo. Mke wangu Rebeka alikuwa akipita dirishani na beseni la nguo anauliza, "Leo umezaa wangapi humo ndani?"

Sauti yangu ilianza kukwaruza wakati wa kiangazi. Nilisema ni vumbi. Nilikunywa tangawizi, nikanyamaza jioni, nikaendelea na kazi asubuhi. Na hapa ndipo kompyuta iliponidhuru kwa mara ya kwanza, au niseme, nilipojidhuru kwa kompyuta. Kila tangazo nilipomaliza kulirekodi, nilikaa na kulisafisha. Niliondoa mkwaruzo, nikaongeza uzito chini, nikailinganisha na sauti ya matangazo yangu ya zamani mpaka zikafanana. Wateja hawakugundua lolote. Kwenye gari nilikuwa mzima. Mezani, nikiomba chumvi, Rebeka alilazimika kuinamisha sikio.

"Masanja," aliniambia siku moja, "wewe unaipeleka sauti kutibiwa kwenye kompyuta, mwenyewe unabaki nyumbani. Hebu nenda hospitali."

Nilicheka. Kicheko chenyewe kilitoka kama mtu anayeburuta kiti sakafuni. Mvua za vuli zilipita, zikaja za masika, ndipo nikaenda, na nilikwenda kwa sababu kumeza ugali kulianza kuuma hadi sikioni. Daktari aliniuliza nimekuwa hivyo tangu lini. Nilimjibu kwa kunyanyua mabega. Nilijua jibu. Nilikuwa nalo kwenye kompyuta, faili kwa faili, na ningeweza kumwonyesha wiki ile ile nilipoanza kuisafisha sauti.

Sitakueleza ugonjwa wenyewe. Watakueleza wenye kazi yao, na ukiwauliza mara mbili watarudia. Nitakueleza benchi. Benchi la kliniki ya saratani halifanani na la kliniki nyingine. Watu hawaulizani "unaumwa nini," kwa sababu kila mtu anaona. Wanaulizana, "Umefika ya ngapi?" yaani umeshaingia kwenye mionzi mara ngapi. Anayesema ya kwanza husogezewa nafasi karibu na ukuta, apate pa kuegemea. Hakuna aliyepanga utaratibu huo. Nilipofika kwa mara ya kwanza, mama mmoja wa Sengerema mwenye kanga shingoni aliinuka, akapigapiga benchi pale alipokuwa ameketi, akasema, "Kaa hapa, mgeni. Ukuta ni wako leo."

Mama yule alikuwa anakuja na chupa ya uji mwembamba wa ulezi, uliochujwa. Mionzi ilipokwisha kunichoma mdomo kiasi kwamba hata maji yalikuwa na makali, alinimiminia kwenye kifuniko cha chupa na kunitazama mpaka nimalize. Hakuwahi kunieleza habari zake nyingi. Siku moja nafasi yake ikakaliwa na mtu mwingine, na hakuna aliyeuliza. Ukipata mtu kama huyo, muulize jina. Mimi sikumuuliza, kwa sababu kila neno lilikuwa linauma na nikaamua kuyabana maneno yangu.

Kwa mionzi wanakutengenezea kinyago cha plastiki chenye matundu, kinachofuata sura yako, kisha wanakifunga mezani ili kichwa kisicheze. Ngozi ya shingo ikawa nyeusi na ngumu, ikabambuka. Ndevu ziliacha kuota upande mmoja. Chakula kikawa hakina ladha. Samaki na mhogo vilikuwa kitu kimoja mdomoni. Niliyavumilia hayo. Lakini baada ya kiangazi kingine kupita, uvimbe ulirudi, na safari hii daktari hakuzungumzia mionzi. Alisema kisanduku cha sauti kitatolewa chote, nitapumua kwa tundu shingoni, na sauti niliyozaliwa nayo itakwisha.

Sasa nifike kwa mama.

Mama anaishi Magu, kwenye nyumba aliyotuzalia, pamoja na dada yetu Kabula. Mimi ndiye mtoto wa kwanza, nami nilipewa jina la baba yake mama. Kwa hiyo mama hajawahi kuniita mwanangu. Ananiita baba, na tangu nilipokuwa natambaa, yeye ndiye anayeniamkia. "Shikamoo baba," ananiambia. Nami hujibu, "Marahaba binti yangu. Umeteka maji?" Naye humalizia, "Nimeteka baba, usinichape." Ni mzaha wa nyumbani, mzee kama mimi. Nilipohamia mjini tuliuendeleza kwa simu. Kila Jumapili, akitoka kanisani, nilimpigia na tukaanza hivyo hivyo.

Alipofariki baba yetu, mama alianguka uani kwa presha na akakaa kitandani muda mrefu. Kwa ajili hiyo, tangu niugue, aliambiwa kwamba nina kikohozi. Wenzangu mnajua tunavyofanya. Mtu akiwa mahututi, mzazi wake huambiwa anaumwa kidogo. Mtu akifa, walio mbali huambiwa waje haraka, mgonjwa amezidiwa, na habari yenyewe husubiri mpaka wafike na kuketi. Hakuna anayeuita uongo. Ni namna ya kumshusha mtu taratibu.

Siku chache kabla ya upasuaji tulikaa kikao sebuleni: mimi, Rebeka, na mdogo wangu Elikana, ambaye ni mwalimu wa shule ya msingi hapa mjini. Kabula hatukumwita, kwa kuwa uso wake hauwezi kuficha kitu.

"Tukimwambia mama," Elikana alisema, "tutauguza wawili. Au tutazika wawili."

"Na Jumapili akisubiri simu?" Rebeka aliuliza.

Ndipo nikasema, kwa sauti iliyobaki, kwamba jambo la simu ninaliweza.

Programu za sasa si zile za kupandisha na kushusha. Unailisha sauti ya mtu, saa nyingi, inajifunza. Kisha mtu mwingine yeyote akisema kwenye maiki, maneno yanabaki yake, sauti inatoka ya yule aliyerekodiwa. Mimi nilikuwa na matangazo ya miaka. Niliiachia kompyuta ikayasikiliza, nami nikijiambia kwamba ni kwa ajili ya kazi, ili gari lizunguke hata nikiwa kitandani. Unaweza kujiuliza kwa nini nisiitumie mwenyewe baada ya upasuaji. Haiwezekani. Programu inabadili sauti iliyopo. Hewa yangu sasa inatokea shingoni na haigusi mdomo. Ilihitajika sauti ya mtu mwenye koo zima, na mtu huyo alikuwa Elikana.

Nilipozinduka baada ya upasuaji nilikuta mirija, na tundu ambalo sikuthubutu kuligusa. Sitalipamba. Makohozi hutokea hapo, kikohozi hutokea hapo, na mwanzoni unajisikia kama mtu aliyefunguliwa mlango kifuani na kuachwa hivyo. Pua haisikii harufu. Nilirudi nyumbani na nyumba haikunuka chochote, wala Rebeka hakunukia. Yeye ndiye aliyejifunza kusafisha mirija kabla yangu. Nilizungumza naye kwa kuandika kwenye simu, na tulipogombana, kwa sababu tuligombana, alikuwa anageuza uso ili asisome.

Jumapili ya kwanza nilipoweza kukaa kitini, Elikana alikuja akiwa na suti ya kanisani. Nilimvalisha spika za masikioni, nikaunganisha simu na kompyuta, nikamwonyesha pa kuketi. Nilijaribu kila kitu mara kadhaa. Sauti ilikuwa yangu kabisa. Rebeka, aliyekuwa jikoni, alidondosha kifuniko cha sufuria. Kulikuwa na kuchelewa kidogo kati ya mdomo na sauti, tukakubaliana tutasingizia mtandao. Nilikuwa nimefikiria kila kitu ila kimoja.

Mama alipokea. "Shikamoo baba," akasema kwa furaha.

Elikana alinigeukia. Katika maisha yake yote mama hajawahi kumwamkia. Aliufumbua mdomo, akaufunga, kisha sauti yangu ikasema, "Shikamoo mama."

Nilipiga meza kwa kiganja. Elikana alinitazama kama mwanafunzi aliyekosea ubaoni. Upande wa pili nikasikia kuku, nikasikia Kabula akimwaga maji.

"Marahaba," mama alisema.

Elikana akaanza kumwaga maneno. Kazi ni nyingi, mama, wamenituma visiwani, mtandao wa huku unasumbua, sijui nitarudi lini, kikohozi kimepona, asante Mungu. Mama aliuliza habari za mvua, akauliza habari za Rebeka. Alisema jambo moja tu ambalo halikuwa la kawaida.

"Mbona unanisemea kama unatangaza?"

Elikana alicheka, nami nikaandika kwenye karatasi, *mazoea ya kazi*, naye akayasema. Ilikuwa kweli kuliko alivyojua. Katika saa zote zile nilizoilisha kompyuta hapakuwa na hata dakika moja ninayozungumza na mtu mmoja. Zote nilikuwa nazungumza na mtaa.

Simu ilipokatika nilimwandikia Elikana ule mzaha wote, neno kwa neno.

Aliusoma, akavua spika. "Nimuulize mama kama ameteka maji? Mimi?"

Nilitikisa kichwa kuonyesha ndiyo.

"Kaka, ulimi hautakubali. Nikimwitikia mama marahaba nitaota ndevu ulimini."

Tulicheka, yeye kwa namna yake ya kuvuta hewa ndani, mimi kwa mabega tu. Aliahidi kujaribu. Haikuhitajika. Jumapili iliyofuata mama hakusema shikamoo. Alisema, "Habari za huko." Na iliyofuata tena, "Habari za huko." Hakuniamkia tena hata mara moja, na mimi, niliyekuwa nimekaa pale nikisikiliza kila neno, niliona. Sitaki udhani sikuona. Niliona na nikajiambia kwamba amechoka, kwamba meno yanamsumbua, kwamba mtandao umekata mwanzo wa maneno yake.

Rebeka aliacha kukaa nyumbani wakati wa simu. Alikuwa akitoka kanisani anapitia kwa jirani mpaka tumalize. Nilipomuuliza kwa maandishi kwa nini, alisema, "Kwa sababu nakaa na wewe usiku na mchana nakusubiri unitamkie jina langu, halafu naisikia sauti yako ikitoka kwenye mdomo wa Elikana. Sitaki kumsikia mume wangu nje ya mume wangu."

Kliniki walikuwa wameniunganisha na mzee mmoja aliyefanyiwa upasuaji kama wangu zamani. Alikuwa akinifundisha kumeza hewa kidogo na kuirudisha juu ikiwa neno. Ni sauti inayotoka kwenye koo la chakula, nzito, yenye mabonde, wengine huiogopa. Yeye aliitumia kununua samaki na kugombana na makondakta, wala haoni haya. Mimi niliona haya. Nilikuwa naweza kusema "maji" na "basi," na nikaishia hapo. Mtu ambaye sauti yake nzuri inapatikana kwenye chumba cha nyuma hana haraka ya kujifunza mbaya. Hilo nalo nimeliandika ili ulione kabla halijakupata.

Ulipofika msimu wa wale wadudu wa ziwani, wanaoinuka juu ya maji kama moshi na kuja mjini na upepo, nilikuwa kibarazani bila kitambaa cha kufunika tundu. Wengine mnawaokota kwenye chai. Mimi niliwavuta moja kwa moja kifuani. Nilikohoa mpaka nikapiga magoti, Rebeka akaja mbio na mrija, na katikati ya kikohozi kile nilijaribu kumwita na hakikutoka kitu. Nilikuwa naweza kufa hatua mbili kutoka kwa mke wangu bila yeye kugeuka. Jumapili hiyo hiyo sauti yangu ilimwambia mama kwamba nina afya njema na ninakula samaki wabichi.

Mama alisikiliza. Kisha akasema maneno ambayo bado ninayasikia.

"Baba, umenipigia vya kutosha. Usijisumbue tena kwa ajili yangu. Pumzika."

Elikana alisema, "Haya mama, asante," akakata. Alinigeukia akitabasamu. "Ameanza kutuonea huruma na gharama za simu."

Siku mbili baadaye Kabula alimpigia Rebeka. Rebeka aliweka spika ili nisikie.

"Wifi, kaka yuko wapi hasa?"

"Yuko kazini. Kwani kuna nini?"

"Mama amegawa vitu vya kaka alivyoviacha huku. Ile baiskeli yake ya zamani ameipeleka kwa baba mdogo. Koti lake amempa yule jirani anayetuletea kuni. Nimemuuliza anasema vimekaa sana. Lakini wifi, vitu vya mtu aliye hai vinagawiwa hivyo?"

Rebeka alinitazama. Hakuna aliyehitaji kuandika. Sisi tunagawa vitu vya mtu akishazikwa, matanga yakiisha. Mama alikuwa amenisikia nikisema shikamoo, akajua si mimi, na kwa kuwa anajua watu wake wanavyoficha misiba, alielewa jambo moja tu: nimekufa, na ndugu zangu wameshindwa kumwambia. Kitu tulichokuwa tunamkinga nacho tulikuwa tumemtumia sisi wenyewe, kila Jumapili, kwa sauti yangu.

Elikana aliazima gari la mwalimu mwenzake, tukaondoka asubuhi yake. Nilifunga kitambaa cheupe shingoni. Mpunga ulikuwa umeshavunwa, mashamba yamebaki na mabua, na pembeni mwa barabara watu walikuwa wameuanika kwenye maturubai. Nilijifunza neno moja njia nzima. Nilimeza hewa, nikairudisha, nikameza tena, mpaka Rebeka akaniwekea mkono gotini.

Mama alikuwa ameketi mbele ya jiko la nje akipepeta mchele. Kitambaa cha kichwani kilikuwa kimelegea, na chini yake kichwa kilikuwa kimenyolewa upara. Kabula, aliyekuwa amesimama mlangoni, aliona ninapotazama.

"Alisema nywele zinamletea joto," alisema haraka. "Mimi ndiye niliyemnyoa. Sikujua. Kaka, hiyo shingo imekuwaje?"

Mama hakuinuka. Aliweka ungo chini, polepole, mchele usimwagike. Nilipiga magoti mbele yake. Alinitazama usoni, akaangalia upande usioota ndevu, kisha akakifungua kitambaa cha shingoni mwenyewe, bila kuuliza. Aliliona tundu. Hakurudi nyuma. Aliweka kiganja chake mbele ya tundu hilo, karibu bila kugusa, akakaa hivyo.

"Kuna joto," alimwambia Kabula. "Anapumua."

Elikana alianza kulia pale kwenye gari. Mama alimwita kwa mkono.

"Wewe njoo hapa. Unadhani sikukujua? Tangu lini Masanja akacheka kwa kuvuta hewa ndani?"

"Mama, nisamehe."

"Nilikuonea huruma. Nilisema, mtoto amefiwa na kaka yake hata kusema hawezi, anakaa na ule mtambo wa kaka yake wa kubadili sauti, anamsemesha. Nikasema kama hilo linamsaidia, acha nimwitikie."

Rebeka alimuuliza kwa upole kwa nini hakuuliza ukweli.

"Ningeuliza mngeniambia," mama alisema. "Sikutaka kuambiwa."

Kwa hiyo alikuwa amekaa na msiba peke yake, tangu masika hadi baada ya mavuno. Alinyolewa kama mfiwa, hata aliyemnyoa hakujua. Aligawa vitu peke yake. Jumapili alikuwa anavaa gauni zuri, anapokea simu ya maiti, anaiuliza habari za mvua ili mtoto wake mdogo asiumie. Presha haikumwangusha. Aliyabeba yote akiwa wima, naye ndiye mtu tuliyeamua kikaoni kwamba hawezi kubeba.

Nilitaka kumwambia haya. Nilikuwa na simu mfukoni, ningeweza kuandika na Kabula akasoma. Lakini mama alikuwa ameshaniwekea mikono miwili mashavuni.

"Shikamoo baba," akasema.

Nilimeza hewa. Ilirudi vibaya, ikatoka mlio mtupu. Kuku mmoja alikimbia. Nilimeza tena.

"Mara," nilisema. Nikameza. "Haba."

"Chura gani huyu?" mama aliuliza, macho yakiwa yamejaa. "Endelea."

Sikuweza kuendelea. Yaliyobaki yalikuwa maneno mengi kwa koo langu. Niliinua mkono nikaonyesha ndoo iliyokuwa kando ya jiko.

Mama aliitazama ndoo. Ilikuwa imejaa, na kata inaelea juu yake.

"Nimeteka, baba," alisema. "Usinichape." Hapo ndipo alipolia, kwa sauti, kama watu wanavyolia msibani, na majirani walitoka.

Kama umesoma mpaka hapa kwa sababu unakaribia kufanyiwa kile nilichofanyiwa, nina machache ya kukuambia. Funika tundu lako wadudu wakija. Usiogope kulitazama kwenye kioo; usipolitazama, litakutawala. Muulize jina mtu anayekupa uji. Kama una sauti iliyohifadhiwa, itunze, isikilizwe kama picha inavyotazamwa, lakini usimvalishe mtu mwingine akaenda nayo kwa wanaokupenda. Nenda mwenyewe na ulichobakiwa nacho. Mimi nilisubiri sauti yangu iwe nzuri ndipo niende, nayo ilikuwa inazidi kuwa nzuri kwenye kompyuta huku mama akinizika.

Chumba cha nyuma bado nina kazi humo. Ninasafisha matangazo ya vijana wanaorekodi siku hizi, na mmoja akija na sauti inayokwaruza namwandikia aende hospitali kwanza. Ile sauti niliyoifundisha kompyuta sijaifuta. Nimejaribu mara kadhaa na nimeshindwa kubonyeza. Elikana hajaingia tena kwenye chumba kile.

Jumapili nampigia mama mwenyewe. Tunachukua muda mrefu kusema kidogo. Siku nyingine hanielewi, ananirudisha kama mwalimu, "Sema tena, baba," na Rebeka anakaa karibu anasikiliza. Sasa ninafika mpaka "umeteka," nikipumzika katikati.

Nilipokwenda mara ya mwisho alikuwa amevua kitambaa kwa sababu ya joto. Nywele zimeota vizuri, zimefunika kichwa chote. Alinyolewa zikiwa na weusi bado, hasa kwa nyuma. Zilizoota ni nyeupe tupu.